Pointi za Mpira Mdogo

Wiki iliyopita tulimwacha Bwana Harmon Boyle amesimama katikati ya uwanja, mpira kwapani, futikamba ya fundi cherehani shingoni, na wasichana kumi waliolowa jasho wakimtazama kama mtu aliyekosea nyumba ya harusi.

Kwa aliyelikosa gazeti, mambo yalikuwa hivi. Verlene Stucky, mlinzi wa timu ya wanawake ya mpira wa kikapu ya Chuo cha Marlow Creek, hapa kwetu Iowa, alikuwa amebakiza pointi tatu tu avunje rekodi ya chuo. Rekodi yenyewe ni pointi 2,186. Iliwekwa mwaka 1957. Aliyeiweka ni nani? Bwana Harmon Boyle. Na mkurugenzi wa michezo wa chuo leo hii, Februari 1988, ni nani? Basi, mmenielewa.

"Simamisha mchezo!" akasema Bwana Boyle.

Mchezo ulikuwa umeshasimama. Refa, Lyle Fenstad, ambaye siku za kazi hutugawia barua majumbani, alikuwa amekwisha kupuliza kipenga mpaka mashavu yakamuuma.

"Kuna nini, Bwana Boyle? Kuna moto?"

"Kuna udanganyifu."

Akaizungusha futikamba kwenye mpira wake, akaizungusha tena kwenye mpira wa refa, kisha akainua kichwa kama daktari aliyeona ugonjwa.

"Huu wa wanaume, inchi thelathini. Huo wao, ishirini na tisa. Inchi nzima, Lyle! Miaka minne binti huyu anatumbukiza chungwa kwenye karai!"

"Sheria ndiyo iliyosema wanawake watumie mpira huo. Nchi nzima wanautumia."

"Sheria haikusema nifutwe ukutani na chungwa."

Hapo akaingia Kocha Ardith Kolb. Mama huyu ni kocha, ni dereva wa basi la timu, ni mfua jezi, na kwa muda unaobaki ni mwalimu wa baiolojia. Kwa kazi hizo nne chuo kimempa kiti kimoja, nacho kina mguu mbovu.

"Harmon, toka uwanjani. Watoto wanapoa miili."

"Ardith, nazungumza na refa."

"Refa hataki kuzungumza na wewe."

"Kweli sitaki," akasema refa, na akatoa ishara ya kosa la utovu wa nidhamu. Mitupo miwili ya adhabu kwa wageni, Chuo cha Denby. Wakaifunga yote miwili. Huo ndio ulikuwa mchango wa mkurugenzi wetu wa michezo kwa timu ya wanawake msimu mzima: pointi mbili, za wageni.

"Harmon!" ikaita sauti nyembamba kutoka safu ya tatu. "Kaa chini, mwanangu, unaniziba!"

Alikuwa Bi Opal Boyle, miaka themanini na moja, mama yake mzazi. Mkurugenzi akakaa.

Mngedhani Verlene angetoka pale akiwa simba. Hadithi ndivyo zinavyotaka. Lakini Verlene ni mtoto wa mfuga nguruwe, si wa mtunga hadithi. Alirusha, akakosa. Akarusha tena, ukagonga ubao na kurudi. Wa tatu haukugusa chochote ila hewa ya Marlow Creek, ambayo Februari si nzuri kugusa.

Wasichana wa Denby walimganda wawili wawili. Mmoja akamnong'oneza, "Shangazi, tukuletee kikapu cha watoto wadogo?"

"Niletee," Verlene akajibu, "na wewe uje na kiti, upate kukifikia."

Maneno mazuri. Mtupo wa nne ukakosa vilevile.

Dakika zikaenda. Tano, tatu, moja. Ukumbi ulikuwa umejaa watu mia tisa, watu walewale ambao kwa miaka minne hawakujua kwamba timu ya wanawake hucheza Jumamosi saa nane mchana, saa ambayo mji mzima huwa umelala kwa shibe. Sasa kila mmoja alikuwa rafiki wa Verlene tangu utotoni.

Sekunde kumi na tisa zimebaki, Denby wakarusha pasi ya uvivu. Verlene akainyaka. Akakimbia nayo peke yake, yule wa kiti akimfuata kama deni. Karibu na ringi akaruka, akasukumwa mgongoni, akaangukia bega. Mpira ukapanda, ukakaa juu ya ringi ukijishauri, ukaingia.

Pointi mbili, na mtupo mmoja wa adhabu juu yake.

Verlene akainuka akishika bega. Hakuomba dua, hakubusu kitu. Alidunda mara mbili, akarusha. Nyavu zikatikisika.

Elfu mbili mia moja themanini na saba.

Watu wakalia. Mwenye duka la mbegu na dawa za mifugo alimkumbatia mtu ambaye hawajasalimiana tangu uchaguzi wa meya. Kocha Kolb alimbeba Verlene, akasahau bega, akalifinya, na msichana akacheka na kupiga ukelele kwa pamoja. Tulishinda kwa pointi nne, ila hilo hakuna aliyeliuliza.

Ndipo kipaza sauti kikakohoa.

"Mabibi na mabwana," akasema Bwana Boyle, maana ufunguo wa kipaza sauti anao yeye. "Nampongeza binti Stucky kwa jitihada. Hata hivyo chuo chetu ni cha ukweli. Nimekaa, nimepiga hesabu. Pointi moja ya mpira mdogo ni sawa na robo tatu ya pointi ya mpira halisi. Kwa hiyo Verlene Stucky ana pointi elfu moja mia sita na arobaini. Na robo."

Hiyo robo aliitaja, jamani. Mtu wa haki hadhulumu hata robo.

"Zitaandikwa," akaendelea, "kwenye orodha ya wanawake. Tutaitafutia ukuta."

Zomeazomea kama iliyofuata sikupata kuisikia kwetu, hata siku ile serikali ilipotaka kutufungia ofisi ya posta. Mcheza kwao hutunzwa, wanasema. Wanaosema hivyo hawajawahi kucheza kwao na sisi tukiwapo.

Verlene akavuka uwanja. Akasimama mbele ya meza ya waandishi wa pointi. Yeye ni mrefu kuliko Bwana Boyle kwa nusu kichwa, na Bwana Boyle hilo alilijua, ndiyo maana akabaki amekaa.

"Mpira ulio nao ndio halisi?"

"Ndio."

"Basi kesho, watu wakitoka kanisani. Mpira huohuo. Wewe urushe hamsini, mimi nirushe hamsini, wote kutoka mstari mmoja. Ukinizidi, nenda na robo zako. Nikikuzidi, unaandika jina langu juu ya lako, wewe mwenyewe, kwa mkono wako."

"Binti, mimi nina miaka hamsini na mbili. Goti langu—"

"Goti lako," ikasema sauti kutoka safu ya tatu, "lilikuwa zima jana ulipopanda ngazi kubadilisha taa ya picha yako!"

Maana picha ya Bwana Boyle iliyo barazani kwa ukumbi ina taa yake peke yake. Kanisa dogo la chuo halina.

Watu mia tisa wanamtazama, na mama yake wa mia tisa na moja. Mkurugenzi angefanya nini?

"Kesho," akasema.

*

Jumapili hiyo Mchungaji Gundersen alihubiri kuhusu gharika. Nuhu alijenga safina, akapakia wanyama, akaelea na kushuka mlimani kwa dakika tisa. Katika miaka ishirini na mbili ya huduma yake hayo ndiyo mahubiri mafupi kuliko yote, na waumini walikubaliana kwamba ndiyo yaliyowagusa zaidi.

Saa sita na nusu mchana ukumbi umejaa tena. Waliokosa viti walisimama na mabakuli yao ya viazi vya kuoka vilivyokusudiwa chakula cha kanisa. Theluji ilikuwa magotini huko nje, ndani joto la makoti mia tisa.

Mlangoni nilikutana na Mzee Emil Stucky, baba yake Verlene. Mzee huyu mke alimfia zamani, wana wanne wameondoka kutafuta maisha, wamebaki yeye, nguruwe mia tatu na Verlene. Kwa mwaka husema maneno kama arobaini, mengi yao kwa nguruwe.

"Mzee, unaonaje?" nikamuuliza.

"Ghalani hatukuwahi kuwa na mpira mdogo," akasema. "Alitumia wa kaka zake."

Maneno kumi. Nikaona leo kuna jambo.

Bwana Boyle akatoka chumba cha kubadilishia nguo amevaa kaptula ya mwaka 1957. Kaptula ilijitahidi. Kiuno ilichokuwa inakijua hakikuwapo, na kile ilichokikuta hawakuelewana.

Watu wakaangua kicheko. Yeye akaokota mpira, akakunja goti lile lile la kuuma, akarusha.

Ukaingia.

Wa pili ukaingia. Wa tatu. Wa nne. Kicheko kikapungua, kikawa kikohozi, kikawa kimya. Katika kumi ya kwanza alifunga tisa.

Wasomaji wangu, nimemsema mtu huyu wiki nane mfululizo, na sirudishi neno. Ila lazima niseme nilichokiona: alikuwa anajua. Mkono ulikuwa laini, kiganja kinainama mwishoni kama mtu anayeweka yai kiotani. Kwa dakika kadhaa hapakuwa na mkurugenzi pale, palikuwa na kijana wa zamani ambaye watu wa mji huu walimbeba mabegani, kisha wakamshusha, kisha wakaenda kula.

Alipofika thelathini akaanza kuhema. Goti likamkumbuka. Alimaliza hamsini amefunga thelathini na nne, akaketi sakafuni mzima mzima.

"Thelathini na nne," akatangaza refa Fenstad. "Verlene."

Verlene akaupokea mpira, akaugeuzageuza. Miaka minne vidole vyake vilizoea mwingine. Wa kwanza ukapita juu ya ringi. Wa pili ukaingia. Wa tatu ukakosa. Wa nne ukaingia kwa huruma ya ubao. Wa tano ukakosa.

Mbili kati ya tano. Bwana Boyle, pale chini, akaanza kupata nguvu za kutabasamu.

Kocha Kolb akasogea. "Unarusha kama unaubeba," akamwambia taratibu. "Usiubebe. Ghalani kwenu ulikuwa unarushaje?"

"Kulikuwa na boriti, Kocha. Ukirusha juu unagonga boriti."

"Haya. Weka boriti."

Verlene akafumba macho kidogo, akainua uso, akaitazama hewa tupu juu ya kichwa chake kana kwamba ina boriti. Akarusha chini chini, mpira ukaenda umenyooka kama mtu mwenye haraka, ukapita kwenye ringi bila kuisalimia.

Kisha mwingine. Kisha mwingine. Kumi na tatu bila kukosa. Watoto wakaanza kuhesabu kwa sauti, wazazi wakawanyamazisha, kisha nao wakahesabu.

Akakosa hapa mmoja, pale mmoja. Bwana Boyle aliacha kutabasamu kwenye ishirini na mbili. Kwenye thelathini alisimama. Kwenye thelathini na nne alikuwa ameshika futikamba kwa mikono miwili kama kamba ya mtumbwi.

Mtupo wa arobaini na nne ukaingia. Thelathini na tano.

Refa akamrudishia mpira. Verlene hakuupokea, akauacha uviringike mpaka kwenye viatu vya Bwana Boyle.

"Imebaki sita," refa akamkumbusha.

"Mpe Bwana Boyle," akasema Verlene. "Aitie kwenye robo zake."

Hapo ukumbi ulipasuka. Bakuli la viazi lilianguka na hakuna aliyelilia. Bi Opal Boyle alipiga makofi kwa fimbo yake juu ya kiti cha jirani, na jirani alikuwa bado amekikalia.

Kalamu ikaletwa. Kitabu cha rekodi kikaletwa. Bwana Boyle akaandika jina la Verlene Stucky juu ya lake, herufi moja baada ya nyingine, na mwandiko wake, nao lazima niukiri, ni mzuri.

Akampa mkono. "Hongera, binti. Hukuazima kitu kwa mtu."

"Ahsante. Na wewe unarusha vizuri."

Laiti ningeweza kuishia hapo! Mngelikunja gazeti mkalala na amani.

Lakini Bwana Boyle hakuuachia mkono. Kwa mkono wa pili akapapasa mfuko wa koti lake lililokuwa kitini, akatoa bahasha ya buluu yenye stempu za ng'ambo, imeshafunguliwa.

"Kwa kuwa leo sote tumeamua kuwa watu wa ukweli," akasema, na sauti haikuwa ya kipaza sauti tena. "Hii iliingia ofisini kwangu Ijumaa. Niliifungua kwa kuwa imeandikwa 'Idara ya Michezo'. Nikaona nisiitoe kabla ya mchezo. Mimi ni mtu mbaya, Verlene, ila si mbaya hivyo. Soma."

Verlene akasoma. Nilikuwa hatua mbili kutoka kwake, nikauona uso wake unavyobadilika.

"Inatoka Italia," akasema polepole. "Timu ya wanawake. Wanalipa mshahara, wanatoa nyumba..." Akarudi mstari wa juu. "Wanasema waliniandikia tangu Januari. Wanasema nilijibu."

"Ulijibu?" akauliza Bwana Boyle.

"Sijawahi kuona barua yoyote ya Italia maisha yangu."

Ukumbi ulikuwa ungali unapiga kelele. Walionyamaza walikuwa wanne au watano tu, wale wa karibu.

"'Tumesikitika kupata barua yako,'" Verlene akasoma, "'kwamba hutaki kuiacha nyumba yenu. Kama utabadili mawazo, tupigie kabla ya Jumatatu saa sita mchana. Baada ya hapo nafasi tutampa mwingine.'" Akainua macho. "Jumatatu ni kesho."

Katika nchi yetu yote hii kubwa hakuna timu hata moja inayomlipa mwanamke kucheza mpira wa kikapu. Hilo Verlene analijua. Bwana Boyle analijua. Na anayelijua kuliko wote ni mtu aliyezipokea barua za timu ya wanawake kwa miaka minne, akazigawa kwa mkono wake kwenye basi analoliendesha mwenyewe.

Verlene akageuka.

"Kocha?"

Kocha Kolb alikuwa ameshika taulo. Alikuwa mweupe kuliko taulo.

"Kocha, barua zetu unatugawia wewe."

"Verlene, twende ofisini tuzungumze."

"Ni wewe uliyejibu?"

Kocha Kolb akaikunja taulo, akaikunja tena.

"Uliandika kwamba sitaki kuondoka? Ukatia sahihi yangu?"

"Ndiyo," akasema Kocha Kolb. "Niliitia."

Niliandika katika gazeti hili hili, sehemu ya pili, kwamba mama huyu angemkatia Verlene mkono wake wa kulia. Naona nilikosea mkono ni wa nani.

Verlene hakupiga kelele, ingawa ningependa angepiga. Akasogea mpaka wakawa uso kwa uso, na akauliza kwa sauti ambayo ilibidi niegemee kuisikia.

"Ili ushinde mashindano ya Machi?"

"Mashindano?" Kocha Kolb akatikisa kichwa, na machozi yakamtoka bila yeye kuyafuta. "Mtoto wangu, ningeyatupa mashindano yote mtoni ukapande ndege. Mimi mwenyewe nilitaka uende. Niliombwa. Niliombwa kwa magoti, nikashindwa kukataa."

"Na nani?"

Kocha Kolb akashusha taulo. Aliangalia tu, juu ya bega la Verlene, kuelekea mlangoni.

Verlene akageuka kufuata macho yale. Na pale mlangoni, kati ya watu mia tisa waliokuwa wakimshangilia binti yake, Mzee Emil Stucky alikuwa amekwisha kuvaa kofia, na mkono wake ulikuwa juu ya kitasa.